Muziki wa Filamu si Pambo: Mfano wa Maurice Jaubert

Katika masomo ya fasihi tumezoea kuichambua kazi ya sanaa kwa fani na maudhui. Tunapofika kwenye filamu, hata hivyo, muziki huachwa nje ya uchambuzi kana kwamba ni pambo tu. Makala haya yanapinga mazoea hayo kwa kumtazama mtunzi Mfaransa asiyetajwa sana madarasani mwetu, Maurice Jaubert (1900–1940). Kabla ya kuuawa vitani, alitungia muziki filamu za hadithi na za hali halisi, mojawapo ikiwa Île de Pâques (1935) ya Henri Storck.

Msimamo wa Jaubert ulikuwa kwamba muziki usirudie kile ambacho jicho limekwisha kuona. Aliikosoa filamu ya Kimarekani The Informer (1935), ambamo okestra huiga hata mlio wa sarafu zinazoanguka. Muziki wa namna hiyo ni kama mkalimani anayetafsiri maneno ambayo hadhira imeyaelewa tayari.

Mfano wake bora ni Zéro de conduite (1933) ya Jean Vigo, inayohusu wanafunzi wa bweni wanaowaasi walimu wao. Usiku wa uasi, manyoya ya mito iliyopasuliwa yanajaa bwenini na watoto wanaandamana kwa mwendo wa polepole. Jaubert aliandika muziki, akaunakili kuanzia noti ya mwisho hadi ya kwanza, ukapigwa hivyo, kisha rekodi ikachezwa kinyumenyume. Ni kama mtu asome sentensi kuanzia silabi ya mwisho, halafu kinasa sauti kiigeuze: silabi zinarudi mahali pake, lakini pumzi imepinduka. Kila sauti inaanza kwa mnong'ono, inavimba, kisha inakatika ghafla.

Je, msikilizaji asiyeijua mbinu hiyo atafaidi nini? Hahitaji kuijua. Sikio linahisi kwamba mpangilio wa kawaida umevunjwa, na hilo ndilo linalotendeka bwenini. Hapa fani imebeba maudhui.

Wasambazaji wa L'Atalante (1934), filamu nyingine ya Vigo na Jaubert, walifikiri vingine. Waliikatakata, wakaibadilisha jina, wakaingiza wimbo uliopendwa wakati ule mahali pa sehemu ya muziki wa Jaubert. Waliuona muziki kuwa nguo ya kubadilishwa. Kumbe walikuwa wakiibadilisha kauli ya filamu yenyewe.

Anaweza kutokea mtu akasema kwamba kati ya 1975 na 1978 François Truffaut aliutumia muziki wa zamani wa Jaubert katika filamu zake nne, basi muziki huo unahamishika. Ni kweli, na hoja hiyo inatuunga mkono. Mlio wa sarafu haufai popote pasipo na sarafu. Muziki wenye jambo lake la kusema unaweza kusema tena mahali pengine.

Kwa hiyo tunapowapa wanafunzi filamu ya kuhakiki, tuwaulize pia: muziki unasema nini ambacho picha na mazungumzo havikusema?