Dick Tracy, polisi wa gazeti

Wasomaji wetu wengi wamemjua Tintin tangu utoto, wala hatuna haja ya kumweleza. Leo twataka kusema juu ya mwenzake wa Marekani, asiye mwandishi wa gazeti bali polisi: Dick Tracy. Alitokea mara ya kwanza tarehe 4 Oktoba 1931 katika gazeti moja la Detroit. Gazeti lile lilikufa zamani, lakini Tracy angali akichapwa. Mchoraji wake Chester Gould aliacha kazi siku ya Noeli 1977, akafa mwaka 1985. Wengine wakashika kalamu, na polisi hakupumzika. Basi, nguvu hiyo yatoka wapi?

Wengine hujibu upesi: yatoka katika ile radio ya mkono, ambayo Gould aliichora mwaka 1946, watu wakaona ajabu ya mtu kusema na saa yake. Sisi hatukubali. Siku hizi saa za namna hiyo zauzwa madukani, wala hakuna anayestaajabu. Kama ajabu ile ndiyo iliyowavuta wasomaji, wangekuwa wamekwisha kwenda zao.

Yafaa kutazama mji alimozaliwa. Gould alitoka Oklahoma, akafika Chicago mwaka 1921, akabisha milango ya magazeti miaka kumi bila kupata alichotaka. Miaka ile sheria ilikataza pombe, na wanyang'anyi wa Al Capone waliiuza kwa siri, wakaua na kuwahonga wakubwa. Tarehe 14 Februari 1929 watu saba walisimamishwa ukutani katika garaji, wakapigwa risasi. Capone mwenyewe alihukumiwa tarehe 17 Oktoba 1931, siku kumi na tatu baada ya Tracy kuanza. Lakini alihukumiwa kwa kosa gani? Kwa kutolipa kodi! Damu ya wale waliouawa haikutajwa katika hukumu ile. Twaona kwamba msomaji wa gazeti alikuwa na njaa ya kumwona muuaji akishikwa kwa sababu ya mauaji. Gould alimpa chakula hicho kila asubuhi, picha tatu nne.

Tena alianza vizuri sana. Tracy hakuwa polisi bado. Alikuwa kijana anayetaka kumwoa Tess Trueheart, na usiku ule ule wa kutangaza uchumba wao wezi waliingia, wakamwua baba ya Tess, mzee mwenye duka la vyakula, wakachukua akiba yake na kumteka binti. Kijana akaapa, kiisha akaingia polisi. Basi kazi yake yote yasimama juu ya maiti ya mzee mmoja aliyekuwa na jina na duka. (Ndoa yenyewe ilingoja mpaka Noeli ya 1949. Bibi Tess alikuwa na uvumilivu!)

Sasa tufike penye ugumu. Waovu wa Gould wana nyuso za kutisha: Flattop mwenye kichwa bapa kama meza, Pruneface mwenye makunyanzi ya tunda lililokauka, The Brow mwenye mifereji katika paji la uso. Jambo hili halituridhishi. Mtoto akifundishwa miaka mingi kwamba zambi huandikwa usoni, atamfanyia nini jirani mwenye kovu la moto? Nasi sote tumekwisha kuona wezi wenye nyuso nzuri.

Hata hivyo, mchoraji mwenyewe aliivunja sheria yake, labda bila kutaka. Mwovu akianza kukimbia, Gould humwacha Tracy nyuma, naye msomaji hufuatana na mkimbizi siku nyingi: baridi, njaa, jeraha, shimo la kujifichia. Hapo uso ule wa ajabu wageuka kuwa uso wa mtu anayeogopa. Flattop alipokufa maji mwaka 1944, akiwa amekwama chini ya mfano wa merikebu ya Kolombo, wasomaji wengi walimhuzunikia, ijapokuwa alikuwa muuaji wa kukodiwa. Kwa hesabu yetu, kurasa zile ndizo zilizo bora kuliko zote.

Lakini angalieni mwisho wenyewe. Flattop alikufa majini; The Brow alichomwa na mlingoti wa bendera. Wengi wa waovu hawa hawafiki kwa hakimu hata kidogo: jiwe, moto au maji huwahukumu mapema. Gould aliyekasirika juu ya mahakama zilizonunuliwa hakutengeneza mahakama njema katika hadithi yake; aliiacha nje tu. Hasira yake twaielewa, dawa yake hatuisifu.

Juu ya safari za mwezini za miaka ya 1960 tutasema machache: polisi wa mitaa hana kazi kule. Filamu ya Warren Beatty ya 1990 ilishika vema rangi chache za gazeti, basi.

Anayetaka kumjua Tracy asianze na radio wala mwezi. Atafute kitabu chenye hadithi za 1943 na 1944, asome habari za Flattop polepole, kipande kwa kipande kama walivyopewa wasomaji wa kwanza, akatazame wino mweusi ule unavyozunguka mtu aliyejificha.