Filme "Tatami": Utii, Uwongo na Mutu wa Katikati

Filme "Tatami" ilionyeshwa mara ya kwanza mu Venezia mwaka 2023. Walioitengeneza ni wawili, Guy Nattiv wa Israeli na Zar Amir Ebrahimi wa Iran, watu wa inchi mbili zenye uadui. Pengine wasomaji wetu watauliza: mapigano ya judo yanawafaa nini mafrateri na makatekista? Tunajibu: yanawafaa, kwani filme hii inahusu utii, na utii ni habari yetu ya kila siku.

Hadithi yake ni hii. Leila, bingwa wa Iran, anapigana katika mashindano ya dunia mu Tbilisi, inchi ya Georgia. Anashinda mara kwa mara. Ndipo wakubwa wa Teherani wanaogopa kwamba atakutana na muchezaji wa Israeli. Wanamupigia telefone mwalimu wake, Maryam: Leila ajifanye ameumia, aache mashindano. Leila anakataa. Mume wake anamuchukua mutoto wao na kukimbilia mupaka. Wazazi wake wanaangukia mikononi mwa watu wa serikali. Mambo kama haya yametokea kweli. Mwaka 2019 mu Tokyo, Saeid Mollaei, aliyekuwa bingwa wa dunia, alisema aliamriwa ashindwe kusudi asikutane na Sagi Muki wa Israeli. Hakurudi kwao, alikwenda Ujerumani.

Wengi watamusifu Leila, na ni haki. Lakini sisi tunaona kwamba kiini cha filme ni Maryam. Mu Kolwezi, muji ulioanzishwa mwaka 1937 kwa ajili ya shaba, wazee wetu walimujua sana mutu wa namna hii: ni kapita. Kapita hakutunga amri. Aliipokea toka juu, akaishusha chini, na kazi ikiharibika aliulizwa yeye. Maryam ni kapita wa judo. Anamupenda Leila, lakini anaogopa. Basi anamukaripia, anamusukuma, anamuomba. Kisha tunajua sababu: zamani, akiwa yeye mwenyewe muchezaji, aliamriwa kujifanya ameumia, naye alitii. Uwongo ule umekaa ndani yake miaka yote, na sasa wakubwa wanataka aurizishe kwa mutoto wake. Sehemu hii ni nzuri kupita zote, na imechezwa bila makelele.

Tuangalie amri yenyewe. Wakubwa hawakutaka Leila aache muchezo tu. Walitaka mwili wake useme uwongo mbele ya watu. Mutakatifu Toma wa Akwino alifundisha kwamba mudogo hafungwi kumutii mukubwa anayeamuru kinyume cha amri ya Mungu. Lakini kuna swali gumu: je, medali ya zahabu inapita uzima wa wazazi? Filme haijibu vizuri. Mara nyingine inaonyesha kana kwamba ushindi ni sababu ya kutosha. Hautoshi. Kama ingekuwa medali tu, mutoto mwema angeiacha. Kinachomupa Leila haki ni ukweli. Na dhambi ya kuwatesa wazazi ni ya yule anayewatesa.

Wala tusiwahukumu upesi waliotii kwa hofu. Mwaka 1974, mu Ujerumani ya Magharibi, Leopards wa Zaire walifungwa na Yugoslavia magoli 9 kwa 0. Mwepu Ilunga, muchezaji wa Mazembe ya Lubumbashi, alisimulia baadaye kwamba watu wa Mobutu waliwatisha: wakifungwa na Brazili magoli 4, wasirudi kwao. Walifungwa 3, wakarudi. Nani atawatupia jiwe?

Kosa kubwa la filme liko mwishoni. Inaruka mbele, nasi tunawaona Leila na Maryam mu Paris, katika ekipe ya wakimbizi, na mutazamaji anapumua. Sisi Wakongo tunajua kwamba njia ile ni ndefu. Mwaka 2013 Popole Misenga na Yolande Mabika, wenyeji wa Bukavu, walikwenda Rio de Janeiro kwa mashindano ya dunia ya judo. Walisimulia kwamba viongozi wao walishika pesa na paspoti, wakawaacha bila chakula. Waliondoka, wakaomba kimbilio. Hapa hatuoni serikali inayotisha kwa telefone. Tunaona mukubwa asiyemulisha mutoto aliyekabiziwa. Brazili iliwapokea kama wakimbizi mwaka 2014. Misenga aliishi kwa kibarua, akipakia mizigo. Mwaka 2016 wote wawili waliingia katika ekipe ya wakimbizi ya watu 10. Misenga alimushinda Avtar Singh wa India, akashindwa na Gwak Dong-han wa Korea ya Kusini. Mabika alishindwa katika pigano lake la kwanza. Ile miaka 3 ya njaa na lugha ngeni, filme haina nafasi nayo, na hivi inawadanganya kidogo vijana wanaoota kwamba kukimbia ni kufika.

Hata hivyo tunaisifu. Inafaa kwa watu wazima. Mafrateri waitazame pamoja na mukubwa wao, kisha wazungumze. Padri, katekista, mwalimu wa masomo, wote ni watu wa katikati: wanapokea maneno toka juu na kuyashusha kwa watoto. Wajiulize juu ya Maryam kuliko juu ya Leila: siku amri mbaya itakapopita mikononi mwetu, tutaishusha, ao tutaizuia kwetu?