Joan Hickson, fundi wa kusikiliza

Mtazame Joan Hickson wakati zamu ya kusema si yake. Katika tamthilia za BBC anacheza Miss Marple, bibi wa kijijini ambaye Agatha Christie alimpa akili ya kufumbua mauaji. Inspekta anaeleza, au mjane analalamika. Yeye ameketi wima, kofia kichwani, mkoba mapajani. Mwili umetulia, kazi yote inafanywa na macho. Yanamfuata msemaji, yanateremka kwa adabu, kisha neno moja lisilokaa sawa likipita, yananyanyuka tena. Uso haubadiliki. Hata hivyo mtazamaji anajua kwamba bibi ameliokota lile neno na kuliweka akiba.

Utulivu huo ulichukua miaka mingi kukomaa. Hickson alizaliwa mwaka 1906 Kingsthorpe, Northampton, akasomea uigizaji katika chuo cha RADA jijini London, akapanda jukwaani mwaka 1927. Jukwaa lilidai sauti imfikie aliyeketi safu ya mwisho. Miaka ya 1930 akaingia kwenye filamu, na kamera ikadai kinyume chake: uso unapojaza skrini nzima, kukunja kipaji kidogo tu kunatosha. Wapo waigizaji wanaomudu jukwaa wakashindwa na kamera. Yeye alizishika kazi zote mbili kwa miongo kadhaa.

Na alizishika kupitia nafasi ndogondogo. Katika Seven Days to Noon ya 1950 ni mwenye nyumba anayepangisha vyumba na kufuga paka. Katika Carry On Nurse ya 1959 ni muuguzi msimamizi. Nafasi ya dakika chache haina muda wa kumtambulisha mhusika, kwa hiyo maisha yake yote hayana budi kuonekana katika namna anavyofungua mlango na kumkagua mgeni kuanzia viatu hadi usoni. Hickson alifanya hivyo, akatoka, akawaachia wakubwa hadithi yao. Mimi naihesabu hiyo kuwa sehemu ngumu kuliko zote za kazi yake, ingawa ndiyo isiyotajwa sana.

Mwaka 1977 alicheza Bedroom Farce ya Alan Ayckbourn katika National Theatre. Jukwaa moja lilibeba vyumba vitatu vya kulala, vimepangwa sambamba. Yeye alikuwa Delia, mke mwenye umri mkubwa anayekula samaki wa kopo kitandani pamoja na mumewe. Kicheko cha kipande hicho kinategemea uzito wa wahusika wenyewe: kwao mlo huo ni jambo la maana, na mwigizaji akionyesha tu kwamba anajua anachekesha, basi kimekufa. Mchezo ulivuka hadi New York, na mwaka 1979 akapata tuzo ya Tony akiwa na umri wa miaka 72.

Miss Marple alimjia baadaye zaidi. Hata hivyo wazo lilikuwa la zamani: miaka ya 1940 Christie alimwona jukwaani katika Appointment with Death, akamwandikia kwamba anatumaini siku moja atamcheza bibi huyo. Mwaka 1961 filamu ya Murder She Said ilipotengenezwa, Marple akawa Margaret Rutherford, mwenye vishindo na bashasha. Hickson alikuwemo humohumo, akicheza mtumishi wa nyumbani. Christie alifariki mwaka 1976. Hatimaye BBC ikarusha The Body in the Library Desemba 1984, Hickson akiwa Marple mwenyewe, na alikuwa na miaka 78.

Hakuanza kuongeza chochote kwa sababu sasa jina lake lilitangulia. Alimcheza mhusika mkuu kwa kipimo kilekile alichowapimia wenye nyumba na watumishi: sauti ya chini, hatua fupi, sentensi ikimalizwa bila haraka. Kufikia 1992 alikuwa ameigiza riwaya zote 12 za Miss Marple. Alisoma pia baadhi ya vitabu hivyo kwa ajili ya kaseti. Humo hakuna kofia, mkoba wala macho. Sauti peke yake inatofautisha mchungaji, mpishi na muuaji, na inafanya hivyo bila kupanda.