Muziki wa Allan Gray katika Filamu ya The African Queen

Chimbuko la filamu ya The African Queen (1951) lina uhusiano wa karibu na Kalemie, mji ulioitwa Albertville enzi za Wabelgiji. Mwezi Desemba 1915, karibu na mahali mto Lukuga unapotoka ziwani, Waingereza waliteremsha ziwani mashua mbili za mota, Mimi na Toutou, zilizosafirishwa kutoka Cape Town kwa reli na kwa kukokotwa porini. Tarehe 26 mwezi huo kikosi chao kiliiteka meli ya Kijerumani Kingani. Februari 1916 kikaizamisha Hedwig von Wissmann. C. S. Forester aliandika riwaya yake mwaka 1935, naye John Huston akaigeuza kuwa filamu. Muziki ulitungwa na Allan Gray.

Gray, ambaye jina lake la asili lilikuwa Józef Żmigrod, alizaliwa Tarnów mwaka 1902. Alisomea utunzi kwa Arnold Schoenberg mjini Berlin, akatunga muziki wa filamu ya Emil und die Detektive (1931), kisha akaukimbia utawala wa Wanazi na hatimaye kufika Uingereza. Umahiri wake unadhihirika zaidi katika kazi alizofanya na Powell na Pressburger. Katika A Matter of Life and Death (1946), noti chache za piano zinazorudiwarudiwa zinatosha kuibeba ngazi iendayo mbinguni. Katika I Know Where I'm Going! (1945), Waskoti wanaimba nyimbo zao wenyewe, kwa Kigaeli, na mtazamaji anatakiwa kusikiliza hata kama haelewi neno.

Hapo ndipo filamu ya 1951 inapozua swali. Inafunguliwa na ibada kanisani: mmisionari na dada yake wanauimba wimbo wa dini kwa maneno kamili, ilhali waumini Waafrika wanatoa mivumo isiyo na neno wala lahani. Tukio hilo limekusudiwa kuchekesha. (Kwaya yoyote ya kijijini kando ya ziwa ingeufundisha ukumbi mzima wa sinema maana ya kuimba kwa sauti nne.) Baada ya hapo okestra inawasindikiza Wazungu wawili mtoni; wenyeji hawasikiki tena kama waimbaji. Si haki kumtwika Gray lawama yote, kwa kuwa uamuzi wa tukio ni wa mwongozaji. Hata hivyo, muziki wake, ulio mwepesi na wenye mzaha, haujaribu kulijaza pengo hilo, jambo ambalo linashangaza kwa mtunzi aliyekwisha kushiriki katika filamu iliyowapa Waskoti sauti yao.

Mwaka 1958, huko Kamina, Katanga, kwaya iliyoongozwa na Padre Guido Haazen iliimba Missa Luba. Miaka kumi baadaye, katika If.... ya Lindsay Anderson, mwanafunzi wa Kiingereza anaipiga Sanctus yake kwenye santuri, tena na tena, bila okestra yoyote kuiingilia.