Kazuo Miyagawa, Fundi wa Mwanga na Kivuli
Kazuo Miyagawa (1908–1999), mpigapicha wa sinema mzaliwa wa Kyoto, Japani, alijifunza tangu utotoni kuchora kwa wino mweusi, na humo akatambua kwamba kati ya weusi na weupe mna kijivu cha kila namna. Mwaka 1926 aliingia studio ya Nikkatsu, akaanzia chumba cha kusafishia filamu, si nyuma ya kamera.

Jina lake lilivuma kwa filamu ya Rashomon (1950) ya mwongozaji Akira Kurosawa. Katika matukio ya msituni aliwamulika waigizaji kwa vioo vilivyorudisha miali ya jua, kisha akathubutu kuielekeza kamera kwenye jua lenyewe, jambo lililokaribia kuwa mwiko. Mvua inayonyesha kwenye lango katika filamu hiyo nayo ilitiwa wino ili ionekane.

Katika Ugetsu (1953) ya Kenji Mizoguchi kamera haikai: inaelea juu ya kreni, taratibu, kama ukungu wa ziwani. Kwa Yasujiro Ozu, katika Ukigusa (1959), ikatulia tuli. Utiifu wa namna hiyo kwa mtindo wa kila mwongozaji ni adimu kwa fundi mwenye jina. Alipopiga Ototo (1960) ya Kon Ichikawa, filamu ya rangi, aliacha madini ya fedha yabaki kwenye mkanda wakati wa kuusafisha, rangi zikafifia zikaukaribia wino.