Mandarin Aliyetokea Msalani

Mlango wa msala wafunguka, maji yasikika yakienda zake, na mtu yule ambaye kwa zaidi ya nusu ya filamu ameitisha dola yenye nguvu kuliko zote ulimwenguni, akampiga mtu risasi kadamnasi katika televisheni na kuiacha simu ya Rais wa Marekani ilie bila ya kujibiwa, atoka akiwatahadharisha mabibi wawili waliolala kitandani kwamba wasiingie mle ndani kabla ya dakika ishirini kupita. Hapo, kwa hukumu yangu, ndipo Iron Man 3 ya mwaka 2013 ilipokata roho. Na yote yaliyofuata, pamoja na fataki za bandarini na yale mavazi ya chuma yaliyojaza anga, yalikuwa mazishi yenye gharama kubwa. Nimeitoa hukumu kabla ya ushahidi, na kadhi angenikemea. Lakini msomaji ameiona filamu, na ushahidi anao mwenyewe.

Sina haja ya kueleza Mandarin ni nani. Tangu Stan Lee na Don Heck walipomwingiza katika toleo la 50 la Tales of Suspense, Februari 1964, amekuwa hasimu wa Tony Stark kwa namna ile ile ambayo Joker ni hasimu wa Batman, yaani adui asiyeweza kuazimwa na shujaa mwingine. Jon Favreau alipoitengeneza filamu ya kwanza, ya 2008, alimfikiria, akaona wakati wake haujawadia, akamtanguliza Obadiah Stane mahali pake. Walakini hakumfukuza, bali aliacha alama zake kila pembe: kundi la Pete Kumi lililomteka Stark katika pango la Afghanistan, bendera yenye duara la pete nyuma ya mateka, na Raza, mkubwa wao, mwenye pete kidoleni na jina la Genghis Khan kinywani. Ilikuwa ahadi, na ahadi ya filamu ni deni la mtengenezaji kwa aliyekata tiketi. Deni hilo tulilingojea miaka mitano, tukavumilia katikati yake ile filamu ya pili, ambayo sitaki kuirudia.

Na insafu yanilazimu niseme kwamba lilianza kulipwa kwa uzuri wa ajabu. Ben Kingsley alipewa nywele zilizofungwa utosini, joho, pete vidoleni, na shingoni mchoro wa ngao ya Captain America iliyotiwa herufi ya waasi, mavazi ambayo kila kipande chake kimetoka nchi nyingine. Akapewa na sauti, au tuseme aliizua mwenyewe, sauti ya mhubiri wa Kimarekani ambaye hana haraka kwa kuwa ana yakini kwamba mkutano hautaondoka. Nasi watu wa mwambao tulikuwa na sababu ya ziada ya kumtazama kwa fahari, maana Kingsley, ambaye kwa jina la kuzaliwa ni Krishna Bhanji, babu yake alikuwa mfanyabiashara wa viungo Zanzibar, na baba yake aliishi huko kabla ya kwenda Uingereza. Lakini jambo lililoniinua kitini halikuwa joho wala nasaba. Katika hotuba yake ya kwanza alilitaja bonde la Sand Creek, Colorado, mwaka 1864, ambapo askari wa Marekani waliingoja siku ambayo wanaume wa Kicheyenne wamekwenda kuwinda, ndipo wakaishambulia kambi iliyobaki na wake na watoto. Haya si maneno ya adui wa kawaida, ambaye aghalabu hutaka dunia kwa sababu tu hana kazi nyingine ya kufanya. Tony Stark, mtu aliyerithi utajiri wa mabomu, alikuwa kwa mara ya kwanza amepata hasimu anayemsomea tarehe ya nchi yake, na aliyekuwa na hoja ambayo ngumi haiwezi kuijibu.

Sasa tutazame namna hoja ile ilivyonyamazishwa, kwa kuwa ndilo kosa lililonikalisha niandike. Stark anakwenda Miami bila ya vazi la chuma, amejaza mikoba kwa zana alizoziunga mwenyewe kutokana na vitu vya dukani, na mwongozaji Shane Black anampitisha ukutani na bustanini kwa utulivu na ustadi ambao hauna budi kusifiwa, kila mlinzi anayeanguka akitusogeza hatua moja karibu na chumba tunachokiogopa. Kisha chumba kinaonekana, nacho ni studio: mapazia, taa, kiti cha enzi cha mbao za kuazima. Hata hapa kazi ni safi, maana jicho limepashwa habari kabla ya sikio, na mtazamaji mwerevu amekwisha kuanza kushuku. Angalikomea hapo akatuacha dakika moja na tashwishi yetu, tungalipata fadhaa ya kweli. Yeye akatupa mlango wa choo. Mandarin akawa Trevor Slattery, mwigizaji wa Kiingereza aliyekosa kazi, aliyenunuliwa kwa madawa ya kulevya, jumba na mashua, asiyejua hata kidogo ni nani waliouawa kwa jina lake. Kingsley akaubadilisha uso, mabega na lafudhi kwa mara moja, na ukumbi mzima ukacheka.

Nami nilicheka, maana mtu yule ni fundi. Ila kicheko kina bei yake. Hadaa si haramu katika sanaa, na mtunzi ana haki ya kutuvua kilemba tulichojifunga wenyewe. Lakini adui wa hadithi hubeba mambo matatu kwa wakati mmoja, hofu, hoja na haiba, na anayempindua katikati ya hadithi ana sharti la kuyahamisha matatu hayo kwa mtu mwingine kabla ya kicheko kukauka. Black na mwandishi mwenziwe Drew Pearce hawakuhamisha hata moja. Nyuma ya pazia alikuwa Aldrich Killian, aliyechezwa na Guy Pearce, mtu tuliyemwona tangu dakika za mwanzo na kumshuku tangu alipotokea mara ya pili amenyooka mgongo na kuchana nywele, hata pazia la pili lilipofunguliwa lilimfunua mtu ambaye tayari yuko jukwaani. Na dhamiri yake ni nini? Kwamba usiku wa kuamkia mwaka 2000, mjini Bern, Stark alimwambia amngoje juu ya paa wala hakwenda. Kutoka Sand Creek mpaka miadi iliyovunjwa! Mwishoni anavua shati, aonyesha majoka yaliyochorwa kifuani, na kupiga kelele kwamba Mandarin ni yeye, lakini ukumbini hapakuwa na mtu aliyemwamini.

Waliokulia kwenye sinema za Kihindi katika miji yetu ya pwani walifundishwa somo hili zamani, na mwalimu alikuwa Amjad Khan. Katika Sholay ya 1975, Ramesh Sippy alituweka muda mrefu tukilisikia jina la Gabbar Singh pasipo kumwona. Tuliona watu wake wakija kijijini kudai nafaka, tukaona namna wanavyorudi mikono mitupu wakiogopa kurudi kuliko walivyoogopa risasi. Kisha zikaja buti juu ya mwamba, na mkanda unaoburuzwa, na swali moja lililoulizwa kwa sauti ya chini kuhusu idadi ya wanaume waliowashinda. Alipokuja alikuwa mkubwa kuliko habari zake. Nawaomba wanaoitetea Iron Man 3 wafikirie kwamba Sippy, baada ya maandalizi yote yale, angalimtoa Gabbar msalani, na wanijibu iwapo kungekuwa na mtu leo, miaka hamsini baadaye, mwenye kulikumbuka jina lile. Hata Amrish Puri, ambaye Mogambo wake katika Mr. India alikuwa kikaragosi kutoka kofia mpaka viatu, hakukubali hata mara moja kuucheka ukaragosi wake. Alikiamini kiti chake, nasi tukakiamini. Siku hizi adui huogopa kuchekwa na mtazamaji, basi huwahi kujicheka mwenyewe, na ugonjwa huu katika filamu za Marvel nimeuandika mpaka wino umekaribia kuniishia.

Wala haukuwa ugonjwa pekee. Hesabu maadui wa Stark kwa utaratibu: Stane ni tajiri wa silaha mwenye suti, Justin Hammer ni tajiri wa silaha mwenye suti na maneno mengi, Ivan Vanko ni fundi wa mtambo ule ule alionao Stark kifuani, Killian ni tajiri wa maabara mwenye suti nzuri kuliko zote. Filamu tatu, na shujaa hajapata kukutana na mtu asiyekuwa sura yake mwenyewe katika kioo kilichopinda. Mandarin ndiye aliyekuwa mlango wa kutokea katika chumba kile, kwa sababu nguvu zake hazitoki kiwandani, na madai yake hayahusu hisa wala hataza. Nao wakaufunga mlango huo na kumrudisha mwenye suti wa tatu. Na kama kuna msomaji anayedhani kwamba uamuzi wa nani awe adui hufanywa na waandishi, basi asikilize aliyoyasema Black mwenyewe mwaka 2016: kwamba katika muswada wa awali adui alikuwa mwanamke, na kwamba walilazimishwa kumbadilisha kwa kuwa wakubwa walihofia kuwa mwanasesere wa kike hatauzika madukani. Rebecca Hall, aliyemcheza Maya Hansen, akabakiwa na vipande vya mhusika na risasi moja. Nimekwisha kusema, na nitasema tena ijapokuwa wasomaji wangu wa zamani watakunja uso, kwamba muuza wanasesere hana kiti katika meza ya mtunzi.

Utetezi upo, nao si wa kupuuzwa. Husemwa kwamba Mandarin wa vitabuni alikuwa matusi, mtoto wa halali wa Fu Manchu aliyebuniwa na Sax Rohmer, Mchina wa kutishia watoto wa Kizungu, na kwamba mtu muungwana hawezi kumpandisha kwenye skrini katika karne hii. Hili ni kweli, na aliyelitambua alitambua vema. Lakini dawa waliyoitoa haikulingana na maradhi, maana ule uso wa kutisha wa mtu wa Mashariki waliutumia vilevile katika trela na mabango kutuitia tiketi, na walichokiondoa ni mtu aliyekuwa nyuma ya uso. Watetezi wengine husema filamu ilikusudia kuikejeli serikali inayotengenezewa adui wa televisheni ili watu waogope na biashara ya vita iende. Kejeli nzuri, lau ingejengwa. Trevor akamatwa mwishoni, Makamu wa Rais akamatwa, wala haonyeshwi raia hata mmoja anayeambiwa kwamba hofu yake ilikuwa ya studio, na kejeli isiyomfikia aliyedanganywa imeishia kwa waliodanganya. Ama wale wanaotaja fedha, kwamba filamu ilikusanya zaidi ya dola bilioni 1.2, na kwamba China, ambako ilishirikiana na DMG na kupewa toleo lake lenye Wang Xueqi na Fan Bingbing, iliipokea kwa shangwe, sina la kuwajibu. Mlango wa benki sikupata kuukalia baraza.

Wala sisemi kwamba filamu haina jema: kuokolewa kwa wale watu 13 waliotupwa angani kutoka katika ndege ya Rais, kulikofanywa kwa warukaji wa kweli, ni kazi safi, na muziki wa Brian Tyler pia.

Kwamba watengenezaji wenyewe walijua wamekosea, ithbati ipo katika namna walivyoharakisha kufunika. Haukupita mwaka ila Drew Pearce, mshiriki wa kosa, alitoa filamu fupi ambamo Trevor yuko gerezani na anaambiwa kwamba mwenye jina la kweli yupo, na amekasirika. Kisha kimya cha miaka saba. Ndipo Destin Daniel Cretton alipomleta Tony Leung katika Shang-Chi kama Wenwu, mwenye pete kumi mikononi, umri wa miaka elfu na majonzi ya mgane, baba na jabari katika mwili mmoja, ambaye huzungumza polepole na kula chakula chake kwa adabu huku akiwacheka Wamarekani waliomwogopa mtu mwenye jina la sahani ya kuku. Matusi ya Rohmer yaliondoka, taadhima ikabaki. Ile dawa iliyosemwa mwaka 2013 kwamba haipo ilikuwapo. Ilihitaji mwigizaji mmoja wa kiwango hicho na mwongozaji asiyemwonea haya adui wake. Kingsley naye alirejeshwa, bado ni Trevor, bado anachekesha, na safari hii nilicheka bila ya kinyongo kwa sababu kicheko chake hakikumlipia mtu mwingine gharama.

Ila kulipa kwa kuchelewa si kulipa. Avengers: Endgame, ambamo Tony Stark anakufa, ilitoka Aprili 2019, na Shang-Chi ilitoka Septemba 2021. Katika filamu zote zile, Iron Man na Mandarin wa kweli hawakupata kusimama mahali pamoja hata mara moja.