Namba Ifuatayo Ni Ipi? Uhakiki wa Swali Moja la Hesabu

Katika kurasa kama hizi tumezoea kuhakiki mashairi, riwaya na tamthilia. Leo twaomba ruhusa ya kuhakiki maandishi mafupi zaidi, yaani swali la hesabu ambalo mwalimu ye yote wa Kampala hakosi kulijua: "Tafuta namba inayofuata: 1, 2, 4, 8, 16."

Mwaka 1962 wataalamu wa Afrika, Uingereza na Marekani walikutana Entebbe kuandika vitabu vya hesabu mpya, navyo vikaitwa kwa jina la mji huo. Viliandikwa kwa Kiingereza. Mwaka huo huo Kamati ya Kiswahili ya Afrika Mashariki, iliyokuwa Makerere tangu 1952, ilihamia Mombasa. Hivyo hesabu mpya na Kiswahili vilipishana njiani. Sasa Kiswahili kimerudi, na tangu marekebisho ya katiba ya mwaka 2005 ni lugha rasmi ya pili ya Uganda. Yafaa tuulize kama chaweza kulieleza swali hili kwa usahihi.

Njia ifundishwayo ni ya tofauti za mfululizo. Tuchukue mkutano wa walimu, kila mmoja akimpa mkono kila mwenziwe mara moja. Watu 2 hupeana mkono mara 1, watu 3 mara 3, watu 4 mara 6, watu 5 mara 10, watu 6 mara 15. Tukitoa kila namba katika ile inayoifuata, twapata tofauti za kwanza: 2, 3, 4, 5. Tukizitoa hizo nazo vivyo hivyo, twapata tofauti za pili: 1, 1, 1. Zikiwa hazibadiliki, kanuni ya jumla ina kipeo cha pili, na mgawo wake ni nusu ya tofauti hiyo. Kwa hiyo zidisha idadi ya watu kwa idadi hiyo pungufu ya moja, kisha gawa kwa 2. Walimu 40 watapeana mikono mara 780.

Hapa kanuni ina sababu yake. Kila ajaye humkuta mtu mmoja zaidi wa kumwamkia kuliko aliyemtangulia. Basi tofauti haina budi kuongezeka kwa moja daima. Tofauti zilituonyesha njia, lakini ni kisa cha mkutano kilichotupa hakika.

Sasa turudi kwenye swali letu. Wengi watajibu 32, kwa kuwa kila namba ni maradufu ya iliyotangulia. Lakini tofauti zake ni 1, 2, 4, 8, kisha 1, 2, 4, kisha 1, 2, mwisho 1. Tukiichukua hiyo ya mwisho kuwa haibadiliki, na kupanda tena kwa kujumlisha, tofauti ya kwanza ifuatayo ni 15, na jibu ni 31. Wala hilo si mzaha. Chora duara, weka nukta juu ya mzingo wake, unganisha kila nukta na kila nyingine kwa mstari mnyoofu, pasiwe na mistari mitatu ikutanayo mahali pamoja ndani ya duara. Hesabu vipande vya duara: nukta 1 hadi 5 hutoa 1, 2, 4, 8, 16. Nukta 6 hutoa 31.

Mwanafunzi aandikaye 31 hutiwa kosa, ingawa ametumia njia ile ile aliyofundishwa. Kwa maoni yetu kosa ni la swali. Limetoa namba bila kisa, likataka kisio, kisha likasahihisha kisio kana kwamba ni kweli iliyothibitishwa. Kilichokosekana ni neno moja: "ikiwa". Lingeandikwa, "ikiwa kila namba ni maradufu ya iliyotangulia," jibu lingekuwa 32 bila ubishi.

Wanaotilia shaka uwezo wa Kiswahili katika sayansi tumezoea kuwajibu kwa orodha za istilahi. Istilahi zahitajika, lakini hazitoshi. Fikra za hesabu hukaa pia katika maneno madogo: ikiwa, huenda, yaelekea, hapana budi. Kuyatofautisha hayo ni kazi ya mwalimu wa lugha. Tukiifanya vyema, mwanafunzi wetu atajua lini amekisia na lini amethibitisha, naye ataweza kuitetea 31 yake mbele ya darasa.